Wimbo wa Kumi na Mbili Ukutani

Lemuel Hargrove aliuvuta uzi uliopakwa unga wa chaki, akaukaza, kisha akauachia. Uzi ukaupiga ukuta mweusi wa jengo lililopakana na ua, tap, ukaacha mstari wa buluu ulionyooka vizuri. Akapiga mwingine chini yake. Kati ya mistari hiyo miwili ndipo herufi zingekaa. Jua la Agosti lilikuwa limemkalia mgongoni na ngazi ilikuwa ya moto, lakini hakuwa na haraka. Mtu aliyechora mabango ya maduka ya Bronx tangu ujana wake hafanyi haraka. Anafanya herufi moja, halafu anafanya inayofuata.

Juu ya mistari ile majina ya nyimbo kumi na moja, zile ambazo watu wa ua ule walizihesabu kuwa kubwa kuliko zote za hip hop, yalikuwa yameshakaa ukutani kwa rangi ya dhahabu. "Lifti Imeharibika" ilikuwa ya kwanza, kubwa kuliko zote, na ugomvi wake ulikuwa umekula kiangazi kizima. Chini yake "Ulimi wa Wembe," chini yake "Dada Zangu Watatu," na kuendelea hivyo mpaka karibu na mahali watoto wanapodundisha mpira. Nafasi moja tu ilikuwa imebaki. Lemuel alichukua chaki akaanza kuchora herufi ya kwanza, kwa wepesi, kama mtu anayeandika jina lake mwenyewe.

"We Lem! K hiyo ni ya nini?"

Iraida Cintrón alikuwa amesimama chini ya ngazi na sahani ya samaki wa kukaanga, mkate mweupe umelowa pilipili pembeni.

"Ni herufi tu, Iraida. Ukuta umejaa herufi."

"Nimeendesha basi la shule mpaka nimestaafu, usinifundishe herufi. Nauliza ni K ya wimbo gani. Maana sikumbuki wimbo kupimwa, na mimi nikiwa sijaupiga, haukupimwa."

"Kipimo cha nini kwa jambo linalojulikana? Mtu anapima kuona kama jua litachomoza?"

"Jua tumeshaliona likichomoza. Wimbo wako hatujawahi kuusikia hata siku moja."

Hilo lilikuwa kweli. Lemuel akaona ni heri ashuke ale samaki.

Uani pale kila mtu aliujua wimbo wa Lemuel, ingawa hakuna aliyewahi kuusikia. Waliujua kwa kuusimuliwa. Alipokuwa na miaka kumi na miwili, kiangazi, katika uwanja wa shule ulio nyuma ya jengo hilohilo, kulikuwa na dijei kutoka Jamaika aliyeitwa Padri, ambaye alivuta umeme kwenye nguzo ya taa na kupiga muziki mpaka giza likaingia. Lemuel alikuwa mdogo na mfupi. Alisimama nyuma kabisa, mgongo kwenye uzio, hakuona chochote ila migongo ya watu. Lakini alisikia. Alisikia ngoma zilizokuwa zikienda mbio bila kuchoka, na msichana akipiga kelele "Haya!" katikati yake, mara huku, mara kule, pasipo mtu kujua atatokea wapi. Shati lake lililowa jasho bila yeye kuinua mguu. Tangu siku hiyo, alisema, nyimbo nyingine zote alizipima kwa ule, na zote zilipelea.

Wimbo wenyewe haukuwa na jina. Padri, kama madijei wengi wa wakati ule, alikuwa akiloweka santuri zake kwenye beseni la kuogea mpaka karatasi ya katikati ikabanduka, ili mpinzani akichungulia asisome kitu. Miaka mingi baadaye, kwenye mazishi ya mtu waliyemjua wote wawili, Padri, kichwa kimeshakuwa cheupe, alimwinamia Lemuel akamnong'oneza: "Kiatu Kimoja cha Jumapili. Bendi ya kanisa, Georgia." Halafu akaenda zake kujichotea viazi. Baada ya hapo alirudi Jamaika na huko akafariki.

Lemuel alitafuta santuri ile kila alikosikia kuna santuri, hakuipata. Hakuna aliyeiweka mtandaoni. Lakini kutoipata hakukumpunguzia neno. Ukisema "Lifti Imeharibika" ina mistari mikali kuliko nyimbo zote, angesema ndiyo, ni mikali, lakini ungesikia *Kiatu*. Ukisema hakuna mdundo ulioigwa kama wa "Ulimi wa Wembe," angekubali pia, kwa upole, kisha angesema: "Huyo ni mjukuu. Babu yake mimi nimemsikia."

"Haya, kula," Iraida alisema, "maana huu unaweza kuwa mlo wako wa mwisho ukiwa na sauti. Prentiss amepiga simu. Anakuja."

"Prentiss anakuja kila Jumamosi."

"Leo anakuja nayo."

Lemuel aliacha kutafuna.

Prentiss Boykin alikuja kwa mwendo wake wa kunyooka, begi la mraba ubavuni, amelikumbatia kama anavyobebwa mtoto mchanga. Alikuwa karani wa mahakama mstaafu, na alilelewa Queens, ng'ambo ya mto, jambo ambalo uani pale halikusahauliwa hata siku moja. Santuri zake alizishika kwa glavu nyeupe. Kuhusu nani alirekodi nini, na nani alikopa ngoma za nani, hakuna aliyemshinda. Lemuel alikuwa na jibu moja tu kwake, na alilitumia kila mara: "Wewe, Bwana Boykin, hip hop umeisoma nyuma ya majalada."

Siku hiyo hakupewa nafasi ya kulitumia.

"Bwana Hargrove," Prentiss alisema, akakaa. "Kanisa moja kule Georgia lilifungwa, wakauza vya stoo. Ilikuwa chini ya vitabu vya nyimbo." Alifungua begi. Jalada lilikuwa la kijani, na juu yake wanaume wanne waliovaa suti moja walikuwa wamesimama kando ya kijito, bila tabasamu.

"Umeshaisikiliza?" Lemuel aliuliza.

"Sikuisikiliza. Nisingefanya hivyo kabla yako."

Lemuel alimtazama, akaona hasemi uongo. "Basi weka," alisema. "Weka uone nafasi ile ni ya nani. Na ukimaliza unishikie ngazi."

Uani pale kulikuwa na kanuni, na ilikuwa ya Iraida. Mwaka wa kwanza wa ukuta walibishana mpaka majani yakapukutika bila herufi moja kuandikwa. Mmoja alitaka mistari, mwingine mdundo, wa tatu alisema wimbo usioimbwa Brooklyn si wimbo, wa nne akaondoka na kiti chake. Ndipo Iraida aliposema: tutafute mahakimu wasiojali. Chini ya mwavuli mkubwa kwenye kona ya ua, Don Efraín na wenzake watatu walicheza dhumna kila siku ya Mungu. Walipenda boléro, nyimbo za mapenzi za kwao Ponce, na hawakupenda kitu kingine. Basi wimbo ungepigwa mara moja, mwanzo hadi mwisho, bila kuwatangazia. Ukiwafanya wasahau zamu, ukutani. Ukishindwa, aliyeuleta hunyamaza. Anakaa, anakula, anacheka na wenzake, lakini juu ya muziki hafungui mdomo mpaka kiangazi kijacho. Adhabu inaanza anapoinuka kwenye kiti chake.

Prentiss alishanyamaza kiangazi kizima kwa ajili ya wimbo mmoja wenye maneno magumu. Hata Iraida alishanyamaza, na watu bado walikuwa wakiusimulia ukimya huo kama baa la njaa. Lemuel hakuwahi, kwa sababu wimbo wake haukuwahi kupimwa. Kwake yeye haikuwa adhabu ndogo. Maduka sasa yalichapa mabango ya plastiki, binti yake alikuwa mbali, na maneno mengi aliyoyasema kwa wiki aliyasema kwenye ua huu. Hata hivyo hakuogopa. Alivuta kiti chake mpaka mbele ya spika, akakaa, akapandisha mguu mmoja juu ya mwingine.

Iraida ndiye aliyeendesha mashine. Alishusha sindano.

Kilianza kinanda cha kanisa, polepole, kama mtu anayepanda ngazi na mzigo. Kisha mzee mmoja akaanza kuimba. Alikuwa akienda ibadani. Alivuka kijito. Kiatu kikachukuliwa na maji. Ubeti wa kwanza ulieleza kiatu kilivyochukuliwa, na ubeti wa pili ulieleza kile kilichobaki.

Mtu mmoja nyuma alikohoa.

"Lem," Iraida alisema kwa sauti ya chini, "huyu baba anakitafuta mpaka lini?"

"Subiri."

"Nasubiri. Lakini mimi ningeshamnunulia kingine."

Lemuel hakucheka. Alikuwa ameshusha mguu. Alisikiliza kinanda, akasikiliza sauti ya mzee, na hakukuta mahali pa kushika. Kisha, baada ya ubeti wa tatu, vyombo vyote vilinyamaza ngoma zikabaki peke yake, nzito, za kusinzia, na mwanamke mmoja wa kwayani akasema "Haya" kama anayeinuka kwenye kochi. Lemuel alisogea mbele. Ilikuwa kama kukutana barabarani na mzee usiyemjua, kisha katika kona ya jicho lake ukamwona mvulana mliyecheza naye. Kabla hajaamini, kinanda kilirudi na kiatu kikaendelea kutafutwa.

Wimbo ulikwisha. Chini ya mwavuli, Don Efraín alipigiza kete yake ya mwisho mezani, akashinda, akageuka.

"Iraida, mwanangu," aliita, "huo wimbo mtauweka lini?"

Ua mzima ulipasuka kwa kicheko. Prentiss peke yake hakucheka. Alivua glavu moja, akaivaa tena.

"Kwa kanuni," alisema, "haukupita. Samahani, Bwana Hargrove. Nilidhani utakuwa karibu zaidi."

Lemuel alikuwa akitazama ukuta, ile K yake ya chaki. Kunyamaza angeweza kunyamaza. Watu hunyamaza na hawafi. Lakini kama wimbo ulikuwa huu, basi yeye alisikia nini? Umri wote huu amewaambia watu kwamba alisikia kitu kikubwa kuliko vyote, na watu, hata walipomcheka, walimwachia nafasi moja ya shaka. Sasa hata yeye mwenyewe alikuwa na shaka. Mtoto wa miaka kumi na miwili, jua kali, njaa labda.

"Mzee, inuka ukachukue soda," mtu alimwambia kwa huruma.

"Siinuki," alisema Lemuel. "Nikiinuka nimenyamaza. Bado nina neno. Iraida, rudisha pale mwanamke anaposema."

Iraida alirudisha sindano. *Haya*, alisema mwanamke.

"Wangu alikuwa msichana."

"Watu wanakua, Lem."

"Nakwambia alikuwa msichana. Na alikuwa na haraka. Huyu hana haraka ya kwenda popote."

Iraida alifungua mdomo amtanie tena, kisha akaufunga. Kabla ya basi la shule, kabla ya ndoa na yaliyofuata ndoa, aliwahi kuwa dijei wa kundi la wasichana wa mtaa wa juu, na mikono yake ilikuwa na kumbukumbu zake. Aliitazama santuri ikizunguka taratibu. Akairudisha sindano mwanzo, akanyoosha kidole akabonyeza kitufe cha mwendo, santuri ikaanza kukimbia.

Mzee wa Georgia aligeuka panya. Kinanda kilikuwa kama cha sarakasi, na kiatu kilichukuliwa na maji kwa kasi ya ajabu. Watu walicheka mpaka mmoja akamwaga bia yake. Halafu vyombo vikanyamaza, zikabaki ngoma.

Hakuna aliyecheka tena.

Zilikuwa kavu, zinakimbia, kila moja inamkanyagia mwenzake kisigino. Msichana akapiga kelele "Haya!" kama aliyerukiwa na maji ya baridi. Kisha zikaisha, na panya akarudi.

Kisigino cha Lemuel kilikuwa kimeshapiga ardhi mara mbili kabla hajajua. "Ndiye," alisema. Sauti yake haikupanda. "Ndiye huyo."

"Huo ni udanganyifu," Prentiss alisema. "Samahani, lakini santuri hii ni ya mwendo wa polepole. Imeandikwa hapo katikati."

"Padri aliibandua hiyo karatasi, Prentiss," Iraida alimjibu. "Angesomea wapi?"

Prentiss aliupima ule usemi kama anavyopima ushahidi, na alionekana kuona kwamba unasimama.

Lakini Lemuel bado hakuridhika. Hakuwa mtu wa kupokea nusu. "Ni mfupi," alisema. "Hapa hata huwezi kutia kipande cha mkate mdomoni. Wangu uliendelea mpaka shati likalowa."

"Bila shaka uliendelea. Alikuwa na santuri mbili za wimbo huohuo. Ngoma zikiisha kwenye moja, anaziachia kwenye nyingine. Lem, mambo haya wewe ndiye unayewafundisha watu."

"Nayajua! Najua dijei anavyorudisha. Nimesikia ngoma zikirudishwa na madijei wote wa Bronx. Lakini ule haukuwa wa kurudisha. Ulikuwa unabadilika! Huyo msichana anatokea hapa, mara anatokea pale, mara anatokea mara mbili. Santuri ya kurudisha inasema jambo moja tu."

"Kwa dijei wa kawaida, ndiyo," Iraida alisema. "Ndiyo maana yule aliitwa Padri na wewe ulikuwa nyuma kwenye uzio."

Walimcheka, na safari hii Lemuel alicheka nao, ingawa aliishia njiani. Alikuwa akiona kitu taratibu, kama rangi inayokauka na kuonyesha sura yake. Miaka yote hiyo alikuwa ametafuta wimbo dukani. Na wimbo haukuwahi kuwa dukani. Ulikuwa mikono ya mtu, alasiri moja, na yeye alikuwa mfupi mno kuiona. Padri alimpa jina la mboga. Namna ya kuipika akaenda nayo.

"Basi hauwezi kusikika tena," alisema.

Iraida alikuwa amemgeukia Prentiss, mikono kiunoni.

"Prentiss."

"Naam."

"Mkusanyaji gani ananunua moja?"

Prentiss alitazama glavu zake. "Ya pili haijafunguliwa," alisema hatimaye. "Iko na plastiki yake ya kiwandani. Sidhani kama kuna nyingine ya hivyo duniani."

"Iko wapi?"

"Kwenye gari."

Hakuna aliyemsukuma. Don Efraín alikuwa akichanganya kete kwa viganja viwili, zinalia kama mvua ya mawe. Prentiss alikaa na jalada la kijani magotini, na aliposema, hakumwambia Iraida, alimwambia Lemuel.

"Unapenda kusema nimeisoma nyuma ya majalada. Ni kweli. Baba hakuturuhusu kuvuka mto. Ninazo zote, Hargrove. Kila iliyorekodiwa. Sikuwahi kusimama kwenye uwanja hata mmoja."

Ilikuwa mara ya kwanza asimwite bwana. Lemuel, ambaye jibu lake la siku zote lilikuwa limemjia mpaka ulimini, alilimeza.

Prentiss alikwenda garini akarudi. Aliipasua plastiki kwa ukucha, macho ameyafumba kama mtu anayechomwa sindano hospitalini. Iraida alipokea santuri ya pili, akaiweka kwenye mashine ya pili, akavaa hedifoni, na kwanza kabisa akakata kipande cha utepe wa gundi kwa meno.

"Unabandika nini hapo?" Prentiss aliruka.

"Alama. Nitajuaje ngoma zinaanzia wapi?"

"Juu ya santuri yenyewe?"

"Angalia pembeni, mpenzi. Daktari akipasua, ndugu wanatoka nje."

Jaribio la kwanza lilikuwa aibu. Alichelewa, ngoma zikagongana kama sufuria zilizoanguka. La pili aliwahi mno. "Vidole vya basi hivyo!" mtu alimtania, naye akamjibu kwa Kihispania jambo ambalo Don Efraín peke yake alilicheka. La tatu lilishika, likaachia. Alivua pete zake akampa Lemuel azishike. Akafuta jasho, akainama.

Safari hii ngoma zilikwenda, zikafika mwisho, hazikuisha. Zikaenda tena. Iraida alikuwa amefumba macho; mkono mmoja unarudisha, mwingine unaachia, bega moja limepanda kuliko jingine. "Haya!" akapiga kelele msichana. Mzunguko uliofuata Iraida alimleta mapema: "Ha-haya!" Uliofuata alimnyima kabisa, na watu waliokuwa wakimngoja wakaguna kama waliokosa ngazi gizani, kisha akamtoa pale ambapo hapakuwa na mtu anayemtazamia. Prentiss alikuwa amesimama, na glavu zake zilikuwa chini bila yeye kujua.

Lemuel hakutazama mashine. Alitazama mwavuli.

Wale wazee hawakuacha mchezo. Hakuna aliyeinua kichwa, hakuna aliyesahau zamu. Lakini kete ya Don Efraín ilitua mezani sawasawa na ngoma. Aliyefuata alikuwa na kete yake tayari mkononi, imeinuliwa, anangoja. Ngoma ilipofika, akapigiza. Wa tatu vilevile. Wa nne alikuwa mkongwe mwenye mkono unaotetemeka, na mkono ule uliacha kutetemeka, ukangoja zamu yake hewani, ukashuka kwa wakati. Meza yao ikawa ngoma ya tatu, na wao wenyewe hawakuwa na habari.

Kisha utepe ulibanduka, sindano ikateleza, na spika zikatoa mkwaruzo ulioingia watu menoni. Prentiss alitoa sauti ya mtu aliyeumizwa.

Don Efraín aliinua kichwa kwa hasira. "Nani amezima?"

Basi ukaanza ubishi ambao ua ule haujawahi kuuona mfano wake. Je, ulipita au haukupita?

"Kanuni inasema wasahau zamu," Prentiss alisema. "Hawakusahau. Niliwaangalia."

"Hawakusahau kwa sababu ngoma ndiyo iliyokuwa ikiwapa zamu," Lemuel alisema. "Wimbo unaomsimamisha mtu ni mkubwa, sikatai. Unaomfanya afanye kazi yake bila kujua anaufuata je? Huo utauitaje?"

"Nitauita jambo lisilo kwenye kanuni."

"Basi kanuni ni fupi."

"Na hata ukipita," mtu mwingine alidakia, "utaandika nini pale juu? Kiatu? Bendi ya kanisa iliyoangukia mtoni? Hiyo si hip hop hata kwa kuisingizia."

"Aandike Padri."

"Padri ni mtu, si wimbo."

"Na leo aliyepiga ni Iraida. Kwa nini asiandike Iraida?"

"Hilo nimelipenda," alisema Iraida, ambaye alikuwa ameketi juu ya spika, anatumbukiza vidole vyake kwenye barafu ya nazi aliyonunua kwa mwenye mkokoteni, hana nia ya kuila. "Lakini hakuna wa kuandikwa leo. Nimeshika mizunguko michache tu, na mkono umekufa ganzi. Ruhusa ya spika inaisha jua likizama, na polisi wa hapa saa zao hazikosei. Kesho baada ya misa. Nitalala, nitajipaka dawa ya misuli, tutawapigia tena. Kesi imeahirishwa."

"Na huyu?" walimwonyesha Lemuel, aliyekuwa bado kitini, pete za Iraida kiganjani. "Amenyamazishwa au hajanyamazishwa?"

"Inuka, Lem, tukunje viti. Ulimi wako nakukopesha mpaka kesho."

Lemuel aliinuka, magoti yakalia. Alipanda ngazi tena, na juu huko, kwa kitambaa chenye maji, aliipangusa ile K taratibu mpaka rangi nyeusi ikarudi. Mistari miwili ya buluu aliiacha. Alifunika kopo la rangi ya dhahabu, akapigilia kifuniko kwa ngumi, akaanza kuosha brashi zake moja moja kwenye ndoo.

Prentiss alikuja akasimama karibu na ndoo, santuri zote mbili kwapani, ile ya plastiki sasa ikiwa na mkwaruzo kama njia ya konokono. Hakuutaja.

"Ilikuwa hivyo?" aliuliza. "Siku ile. Ilikuwa kama hivyo?"

Lemuel alikamua brashi, akainyoosha nywele zake kwa vidole. Kusema ndiyo kulikuwa rahisi, na Prentiss angeamini.

"Bado," alisema. "Huu wa leo ulikuwa mlangoni tu. Kesho njoo mapema, Boykin. Usimame mbele, uone mikono. Na hizo glavu ziache Queens."

"Na utepe?"

"Utepe leta mwingi."